Koo la Laudelino Cuesta

Kabla ya mwaka 1978, ukilitaja jina la Laudelino Cuesta katika baa ya Olegario, watu walikuwa wanacheka kwanza, halafu ndipo wanauliza habari zake. Si kwa ubaya. Lino alikuwa mtu wetu, mtoto wa mama Generosa, aliyekulia nyumba ya tatu kutoka reli ya makaa, na katika bonde letu lote la makaa, kaskazini mwa Hispania, ndiye peke yake aliyekuwa mwigizaji wa filamu. Tatizo ni kwamba katika hizo filamu uso wake hatukuwahi kuuona.

Mimi naitwa Servando Noval. Nilionyesha picha katika sinema ya kijiji chetu cha Sotovieyo kwa miaka thelathini na mmoja, kwa hiyo nazungumza kitu ninachokijua. Nimemwona Lino akiwa mlinzi wa lango, akiwa mhudumu mwenye sinia, akiwa askari wa safu ya mwisho. Katika zile filamu za kina kauboi zilizopigwa kule Almería alikufa mara kumi na moja, na mara zote kifudifudi.

"Servando, leo Lino anakufa saa ngapi?" watu walikuwa wananiuliza wakinunua tiketi.

"Sehemu ya pili, kabla farasi hawajatoroka."

"Basi namalizia glasi yangu kwanza, nitawahi."

Mama yake alikuwa anakaa safu ya mbele kabisa. Mgongo wa Lino ukitokea tu, anamgusa jirani yake na kiwiko na kusema, "Tazama walivyomvisha. Shati halijaona pasi hilo."

Lakini mgongo haukuwa kazi yake halisi. Kazi iliyompa jina huko Madrid, jina dogo, lakini jina, ilikuwa ya kutia sauti. Filamu za nje zilipofika, watu wa studio walizivua lugha ya kigeni na kuzivisha Kihispania, na Lino alikuwa anawasemea madaktari, mahakimu na makapteni wa meli. Alikuwa na sauti nzito yenye joto, sauti ya mtu anayekueleza jambo huku amekushika bega. Filamu ya namna hiyo ikija kwetu, mama Generosa alikuwa anaingia sinema, anakaa, anafumba macho. Watu walidhani amelala.

Sauti ile aliipata mgodini. Baba yake alifia chini ya ardhi Lino akiwa na miaka tisa, na alipofika kumi na minne kampuni ilimpa kazi katika chumba cha taa. Kila zamu alikuwa anawagawia wachimbaji taa zao na kuzipokea wakitoka. Walipita mbele yake mia nne kwa siku, nyuso nyeusi tupu, macho na meno tu, na yeye alimwita kila mmoja kwa jina juu ya kelele za mgodi, maana aliwajua wote, kwa mwendo, kwa kikohozi, kwa namna mtu anavyonyoosha mkono. Mwaka 1946 kikundi cha waigizaji wa kuzunguka kilipita kwetu kikiwa kimepungukiwa mtu. Lino alikuwa na miaka ishirini. Akapanda lori lao, akatuma barua kutoka León.

Sasa nifike kwenye mwaka 1962.

Mwezi wa Aprili wachimbaji walisusa kazi, mgodi mmoja baada ya mwingine, mpaka bonde zima likawa kimya. Wakati ule, chini ya utawala wa Jenerali, kugoma ilikuwa ni kosa la jinai. Magazeti hayakuandika hata neno. Askari walijaa barabarani, sinema ikafungwa, nami nikawa sina la kufanya ila kusimama mlangoni na kutazama. Niliyoyaona nitakufa nayo. Niliwaona wanawake wakijipanga asubuhi kwenye njia ya kuelekea mgodini, Etelvina, mdogo wake Lino, akiwa wa tatu kutoka mwanzo, kila mmoja na mahindi kwenye aproni. Wale wachache waliotaka kuvunja mgomo walipotokea, wanawake waliwamwagia mahindi miguuni, kama unavyowamwagia kuku, maana kwetu mwoga huitwa kuku. Bila tusi, bila jiwe. Wapo wanaume waliogeuka na kurudi nyumbani kwa ajili ya punje za mahindi.

Siku hizo walikuwapo kijijini vijana wawili wa chuo kutoka Madrid, wamelala kwa Etelvina, wakisema wanachunguza ndege wa milimani. Ndege wenyewe hawakuwatazama. Walikuwa na kamera ndogo ya filamu chini ya koti, na kila walichokiona walikipiga picha. Mikanda yao ilitoka bondeni ndani ya madumu ya maziwa.

Ilifika Madrid kwa mwanamke mmoja aitwaye Remei, mhariri wa filamu katika studio ileile aliyofanyia kazi Lino. Remei alikuwa mtu wa maneno machache, mfupi, mvutaji sigara kupita kiasi. Siku moja alimsimamisha Lino kwenye ngazi.

"Naambiwa wewe umetoka huko kwenye makaa."

"Nimetoka huko."

"Leo saa nane, wenzako wakienda kula, wewe usiende."

Hadithi hii Lino aliniambia mwenyewe, zaidi ya mara moja, na hakuwahi kuibadilisha hata neno. Alisema Remei alifunga mlango, akawasha mashine, na picha zikaanza kupita bila sauti kwenye kioo kidogo kisichozidi kitabu kwa ukubwa. Lino akaona mtaa wake. Akaona moshi wa jiko la jirani. Akaona wanawake na aproni zao.

"Huyu ni mdogo wangu," alisema. "Huyu Etelvina. Huyu wa nyuma yake ni Aurina wa fundi viatu. Huyu mwenye mkate kwapani ni Noval, fundi wa magogo yanayoshikilia paa la..."

"Nyamaza," Remei alimkatiza. "Sitaki majina. Nisilolijua hawawezi kulitoa kinywani mwangu."

Noval mwenye mkate kwapani ni baba yangu.

Remei alimwonyesha sindano. Filamu ile ingepelekwa Paris, ikaonyeshwe kwa watu wa nje wajue kinachotokea Hispania, na nakala yoyote ikiangukia mikononi mwa polisi, kila uso humo ni kifungo cha mtu. Kwa hiyo angeukwaruza kila uso kwa sindano, picha moja baada ya nyingine, na kila sekunde ina picha ishirini na nne. Ukiwaacha wale waliotaka kuvunja mgomo, walikuwa watu arobaini na mmoja.

"Na wao watajulikanaje?" Lino aliuliza.

"Hawatajulikana. Ndiyo kazi ya sindano."

Lino alisogeza kiti karibu na kioo. "Basi kabla hujaanza, nionyeshe tena."

Akamwonyesha tena. Akamwonyesha na mara ya tatu. Yeye alikuwa mwigizaji, na mwigizaji kazi yake ni kukariri. Aliwakariri watu arobaini na mmoja, kwa mpangilio wa kutokea kwao, nani anaanza, nani anafuata, nani anatokea upande wa kushoto. Hakuandika popote.

Maneno ya filamu yalikuwa yameandikwa tayari na msomi mmoja. Lino alisoma ukurasa wa kwanza, akauweka mezani.

"Haya hakuna mtu wa kwetu aliyewahi kuyasema," alisema. "Hata mlevi."

"Wewe ungesemaje?"

"Washa mashine ya kurekodi."

Walirekodia ndani ya kabati la nguo za maigizo, kati ya makoti ya manyoya, ili mwangwi usisikike. Siku nne, saa za chakula cha mchana. Picha zilipita, na Lino alieleza. Hakutaja jina hata moja. Alisema: huyu mnayemwona amevaa koti la marehemu mumewe, amelipunguza mikono. Alisema: huyu anatembea hivi kwa sababu mguu wake ulibanwa na gogo, akarudi kazini baada ya wiki sita. Dakika thelathini na nane. Mwisho wa filamu hapakuandikwa jina la mtu yeyote, si la Remei, si la wale vijana, si la msemaji. Mkanda ukavuka mpaka.

Huko Ufaransa na Ubelgiji filamu ilionyeshwa kwenye kumbi za vyama vya wafanyakazi. Wahispania waliokuwa ugenini wakiosha vyombo na kujenga barabara waliketi wakasikia sauti ya kwao. Redio moja ya wakimbizi ikaichukua sauti ile na kuirusha hewani, vipande vipande, wiki baada ya wiki. Basi Januari 1963 polisi wa siasa walikuwa nayo kwenye mkanda wao wenyewe, na wakajua jambo moja: msemaji yule alikuwa amefundishwa kazi ya sauti. Wakaanza kuwaita watia sauti wa Madrid, mmoja mmoja.

Wa kwanza aliitwa Jumatatu. Jumanne asubuhi Lino aliingia studio amejifunga skafu shingoni, akafungua mdomo kumsalimu bawabu, na kilichotoka kilikuwa kama mlango mbovu unaoburutwa sakafuni.

"Umepatwa na nini, Laudelino?"

"Koo," alijibu. "Limekwisha."

Alikuwepo daktari mmoja mtu wa Gijón, mwenye ndugu zake migodini, ambaye hakuuliza maswali. Alimwandikia cheti: uvimbe kwenye nyuzi za sauti. Alhamisi, Lino akaitwa.

Walikuwa watatu chumbani: mkubwa mmoja mwenye suti nzuri, msaidizi wake, na mpiga chapa. Walimpa gazeti.

"Soma."

Akasoma habari za ng'ombe wa maonyesho, kwa ile sauti mbovu, akikohoa kila mstari wa pili.

"Kwa nguvu."

"Bwana mkubwa, hii ndiyo nguvu yenyewe."

"Cheti tumekiona. Vyeti vinaandikwa." Mkubwa alizunguka meza, akaleta kikombe cha kahawa, akakiweka mbele ya Lino kwa adabu. Lino aliponyoosha mkono kushukuru, yule msaidizi akaushika mkono ule, akaubana mezani, na mkubwa akamimina kahawa yote juu yake. Ilikuwa imetoka jikoni sasa hivi.

Walichokuwa wanakitafuta ni kilio. Mtu akiungua hulia kwa sauti yake mwenyewe. Lino alilia, na alilia muda mrefu, lakini kilio kilitoka kwenye koo lile bovu, kile kile kikwaruzo, kama bata anayekabwa. Aliniambia hakujua kama angeweza mpaka aliposikia ameweza.

"Katika maisha yangu nimecheza vizuri mara moja," alikuwa anasema. "Watazamaji watatu. Na mmoja alikuwa anapiga chapa, hakuinua hata kichwa."

Walimwachia. Mlangoni mkubwa alimfunga skafu vizuri shingoni, kama mama anavyomfunga mtoto.

"Koo likipona, njoo utusalimie," alimwambia. "Usijali kututafuta. Sisi tutajua."

Hapo ndipo ilipoanza adhabu yenyewe, maana Lino alielewa kwamba hawezi kupona. Si mwezi ule, si mwaka ule. Redio ilikuwa bado inarusha. Faili lilikuwa bado wazi. Studio ikamwondoa kwenye orodha ya watia sauti, madaktari na mahakimu wakapata msemaji mwingine, na yeye akabakiwa na migongo. Ndiyo sababu alikufa sana kule Almería: ilikuwa kazi isiyohitaji neno. Jumapili alikuwa anapanda basi, anashuka mashambani, anatembea mpaka mahali ambapo hakuna mtu, na huko anazungumza peke yake saa nzima ili sauti isije ikasahau njia. Kisha anajifunga skafu na kurudi mjini akikwaruza.

Sisi kijijini hatukujua lolote. Kila Krismasi alikuja na skafu yake na kovu lake jekundu mkononi, akatuambia aliungua na supu. Tulimwonea huruma mwaka mmoja, mwaka wa pili tukamzoea, na mwaka wa tatu tukaanza kumtania, maana ndivyo tulivyo.

"Lino, tuimbie," Olegario alimwambia mbele ya baa nzima, akimmiminia sidra, pombe yetu ya tufaha, kutoka juu kama ilivyo desturi.

"Nimlete mbwa wangu muimbe pamoja?" akaongeza mwingine.

Lino alicheka kile kicheko chake cha msumeno. "Mbwa wako anajua noti?" alikwaruza. "Basi atanizidi. Nitampigia makofi." Akanywa, akatemea povu chini, akakaa. Nami nilicheka na wenzangu. Nalisema hili kwa sababu ni kweli.

Mtu mmoja tu hakucheka. Etelvina alinieleza baadaye kwamba Krismasi ya mwaka 1966 mama yao alikuwa anakoroga sufuria ya maharage, Lino na yeye Etelvina wako karibu na jiko, na mama bila kugeuka akasema, "Mwanangu, mimi nimekuzaa. Wewe huumwi koo."

Lino aliongeza kuni jikoni.

"Sikuulizi sababu. Lakini hapa jikoni tuko sisi watatu, na mlango umefungwa. Sema neno moja tu. Sema hata chumvi."

Lino alimtazama mama yake, akatazama ukuta. Ukuta ule ni mbao. Upande wa pili alikuwa anakaa mlinzi wa kampuni. Akamwinamia, akambusu kichwani, na akasema kwa sauti mbovu, "Maharage mazuri, mama."

Mama Generosa alifariki mwezi wa tatu uliofuata. Katika mambo yote, hilo ndilo Lino hakuweza kulizungumza bila kusimama na kwenda dirishani.

Jenerali alikufa mwaka 1975, lakini watu wake hawakufa naye. Wengi walikuwa bado kwenye meza zilezile. Lino aliendelea kukwaruza. Mwishoni mwa 1977 sheria ya kukagua filamu ilifutwa, na mikanda iliyokuwa Paris ikaanza kurudi. Februari nilipata sanduku kutoka kwa chama cha wachimbaji, ambacho sasa kilikuwa halali. Ndani kulikuwa na mikanda miwili na karatasi: filamu ya mgomo wa 1962, ionyeshwe Jumapili saa kumi.

Watu walijaa mpaka kwenye ngazi. Mvua ilikuwa inanyesha, makoti yakawa yanatoa mvuke. Niko chumbani kwangu kule juu naweka mkanda, nikasikia mlango, na nani? Lino, kwa skafu yake, mwenye mvi sasa. Tulikuwa hatumtarajii.

"Naweza kukaa hapa?" alikwaruza.

"Kaa juu ya sanduku lile. Umekuja kutazama kwenu?"

"Nimekuja kusikiliza."

Nikazima taa. Picha ikaanza, mtaa wetu, ukungu, na nyuso. Zile nyuso. Kila mtu alikuwa na kiota cha mikwaruzo myeupe juu ya shingo, kinachotetemeka. Ukumbi ukaguna. Halafu sauti ikaanza kusema.

Nadhani ilipita nusu dakika. Niliona vichwa vikigeukiana gizani. Kisha nikasikia Etelvina, wala hakupaza sauti, alisema tu kama mtu anayejibu swali: "Huyu ni kaka yangu."

"Kaka yako yupi?" mtu akauliza. "Lino hana koo."

"Huyu ni kaka yangu."

Niligeuka. Lino alikuwa amekaa juu ya sanduku langu, mikono magotini, machozi yanamtiririka bila kelele. Alikuwa anafungua skafu.

"Servando," aliniambia, na alisema kwa sauti ile ile iliyokuwa inatoka kwenye spika, nzito, yenye joto, "ongeza sauti kidogo. Hapa inafuata sehemu ya baba yako."

Mimi nina miaka themanini na tisa. Sijawahi kusikia sentensi nyingine iliyonitetemesha kama ile.

Filamu iliisha na watu hawakutoka. Walikuwa wanabishana. Yule ni mimi, hapana yule ni shemeji, koti hilo ni la Aurina, Aurina alikuwa mnene kuliko hapo. Nyuso zimekwaruzwa, miaka kumi na sita imepita, wengi wamekwisha kufa kwa vumbi la mapafu. Nilimshika Lino mkono nikamshusha ngazi mpaka mbele. Olegario alikuwa wa kwanza kumwona bila skafu.

"Lino," alisema, "zile Krismasi zote..."

"Mbwa wako hajambo?" Lino akamwuliza, kwa koo zima. Olegario akakaa, akafunika uso kwa kofia.

Lino aliomba nipande tena juu, niurudishe mkanda mwanzo na nizime sauti. Akasimama kando ya pazia, mwanga wa picha ukimpiga nusu ya mwili. Na watu walipoanza kupita, akaanza kuwataja.

"Etelvina Cuesta. Aurina Llaneza. Manuel Noval, na mkate wa mke wake. Delfina wa bondeni na binti yake Oliva, ana miaka kumi na mbili, asingepaswa kuwepo lakini alimfuata mama yake."

Hakukosea. Hakusita. Aliwataja kwa mpangilio, mmoja baada ya mwingine, kama mtu anayepokea taa za zamu, na kila jina lilipotajwa mtu mmoja ukumbini alinyanyuka, au mtoto wake, au mjane wake. Mimi nilikuwa juu na mashine, siwezi kuiacha, lakini jina la baba lilipotajwa nilisimama palepale, nikavua kofia. Baba alikuwa na miaka saba kaburini. Sikuwa na picha yake akitembea. Sasa ninayo.

Kisha wakaja wale wengine, waliokanyaga mahindi. Remei aliwakwaruza nao, sindano haikuchagua. Walikuwa sita, wanne waligeuka nyuma, wawili walipita. Lino alinyamaza. Picha ikapita kimya.

"Na huyo?" kijana mmoja akauliza.

"Namfahamu," Lino alisema. "Jina lake atalisema mwenyewe akitaka. Asipotaka, basi."

Nyuma kabisa, karibu na mlango, mzee mmoja akasimama kwa shida. Ceferino Braña. Kwa miaka kumi na sita alikuwa anakunywa peke yake mwisho wa kaunta.

"Ni mimi," alisema. "Nilikuwa na watoto watano."

Etelvina ndiye aliyegeuka kwenye kiti chake.

"Tunajua, Ceferino," alisema. "Zile buti zako hata wakikwaruza mguu mzima tungezijua. Njoo huku mbele, huko nyuma kuna upepo."

Akaja. Wakampisha.

Lino alimaliza na mtu wa arobaini na moja, akashukuru, akataka maji. Hapo ndipo tulipompigia makofi, na sijui tulipiga kwa muda gani. Najua mkanda uliisha ukawa unapiga kofi lake mwenyewe kwenye mashine na mimi sikuizima. Tangu siku hiyo hakuna mtu Sotovieyo aliyeanza kwa kucheka jina lake likitajwa. Wachimbaji wastaafu walikuwa wanainua kofia akipita, jambo ambalo sikuwahi kuwaona wakimfanyia hata mkurugenzi wa mgodi.

Alirudi kuishi kwetu, katika nyumba ya mama yake. Siku ya kwanza alifungua madirisha yote ya jikoni akasimama katikati na kuzungumza, hatujui nini. Etelvina alitufukuza barazani tusisikilize. Studio za Madrid zilimwita tena, akaenda mara mbili tatu, akasema sauti yake sasa ina shughuli nyingine. Alikuwa anapita nyumba kwa nyumba kwa wale ambao vumbi limewafunga kitandani, anawasomea magazeti na vitabu, saa mbili kwa siku, na wengine walisema pumzi zao zilitulia wakimsikiliza. Mimi hilo siwezi kulithibitisha. Ninaloweza kulisema ni kwamba hakuna aliyemwambia asije.

Mwaka 1989 hifadhi ya filamu ya Madrid iliamua kuisafisha ile filamu na kuiandikia majina. Walimwandikia Lino barua: wanataka kumtaja kuwa msemaji. Akajibu kwamba waandike kwanza arobaini na mmoja. Wakajibu kwamba haiwezekani, ni mengi, filamu ni fupi. Akairudisha barua bila sahihi. Wakaandika tena, akairudisha tena. Mara ya tatu alikuja msichana mpole na daftari, akakaa jikoni siku mbili, akaandika yote, na Ceferino akamo, kwa ridhaa yake mwenyewe. Hapo ndipo Lino akatia sahihi, na jina la Remei likawekwa mbele ya wote. Yeye alikuwa amefia Paris miaka minne kabla, na Lino alisafiri mpaka kaburini kwake kumwambia.

Siku ya kuionyesha Madrid tulikwenda watatu, Lino, Etelvina na mimi. Ukumbi mkubwa, viti vyekundu, watu wenye elimu. Filamu ilipokwisha na majina yakaanza kupanda, watu wakafanya kama wanavyofanya siku zote: wakaanza kunyanyuka, kuvaa makoti, kutafuta miavuli. Etelvina alikuwa na miaka sitini na magoti mabovu. Alisimama, akatoka mpaka kwenye njia ya katikati, akajiweka pale na mkoba wake kifuani, kama alivyosimama asubuhi ile na aproni.

"Mnakwenda wapi?" aliwauliza. "Watu bado wanapita."

Bwana mmoja mwenye koti zuri alimtazama, akatazama pazia, akarudi akakaa. Na wengine wakakaa. Majina yote yakapanda mpaka la mwisho, na ukumbi ule ukawa kimya kabisa, nami nilikuwa nimekaa kando ya Lino, nikimwona anavyosogeza midomo.

Tulitoka tukala mikate ya ngisi karibu na stesheni, tukapanda treni ya saa kumi na moja kurudi nyumbani.